Zeze lisilie filamu nzima

Mdogo wangu, unauliza kwa nini watu wanasinzia kwenye filamu yako ya dakika 12, ya mama anayesubiri mvua kule Chamwino, Dodoma, wakati zeze linalia mwanzo mpaka mwisho. Jibu umeshalitaja: linalia mno, sikio limezoea.

Mpe mama kiwimbo chake, noti nne tu za marimba ya Kigogo, ile ya kupigwa kwa vidole gumba, anapotazama mawingu. Mawingu yakipita, zirudi polepole, ya nne isipigwe. Kata ya kuchotea maji inapokwangua mtungi mkavu, zima kila kitu. Mkwaruzo ule unatosha. Ngoma za muheme, zile za wanawake wa Kigogo, zitunze mpaka mvua inyeshe.

Na usijaribu kumuiga Hukwe Zawose, gwiji wa muziki wa Kigogo, kwa kinanda, utaumbuka! Tafuta mzee wa kijijini akupigie, umlipe.