Mapenzi Ndiyo Yamwangushe, Si Ganda la Ndizi

Msomaji katuma klipu yake ya kichekesho cha mapenzi, aliyoiga filamu bubu za zamani: kijana anamwona binti sokoni, anakanyaga ganda la ndizi, chini pwaa. Haina sauti, rangi ni nyeusi na nyeupe, na anauliza mbona watu hawacheki. Watacheka nini? Kijana huyo angeanguka hata binti asingekuwepo.

Mpe binti ndizi. Akimaliza kula, kijana ampokee ganda kwa heshima zote, akose pa kulitupa, alidondoshe nyuma yake kimyakimya, kisha arudi hatua moja ili amwinamie. Hapo kaangushwa na mapenzi.

Katika filamu bubu ya The General (1926), mchekeshaji wa Marekani Buster Keaton ni dereva wa treni ambaye mchumba wake kamwambia asimsemeshe tena mpaka avae sare ya jeshi. Anakaa kwa unyonge juu ya chuma kinachounganisha magurudumu ya kichwa cha treni. Treni inaanza kwenda, chuma kinampandisha, kinamshusha, naye kaduwaa vilevile, hana habari. (Msiige! Mvuke ungezidi kidogo, magurudumu yangeteleza relini na kumtupa.) Tunamwona mwili mzima pamoja na magurudumu. Ukisogeza kamera usoni unabaki na huzuni tupu, kichekesho kimekwisha. Kwa hiyo piga picha pana, kofia hadi viatu, bila kukata. Na mwigizaji asikonyeze kamera. Akijua anachekesha, amekuharibia.

Kasi ndiyo inayowaponza wengi. Enzi zile kamera ilizungushwa kwa mkono. Ukirekodi fremu (yaani picha moja moja zinazounda video) 18 kwa sekunde na kuonyesha kwa 24, tukio la sekunde 4 linakwisha kwa 3. Simu isiyo na fremu 18, rekodi kawaida, kisha ongeza kasi kwa thuluthi moja wakati wa kuhariri. Ukifika mara mbili, watu wanakuwa wadudu. Macho yanapokutana, usiguse kasi kabisa, maana penzi la haraka haraka haliaminiki.

Halafu ionyeshe kwa watu wachache bila muziki, wewe ukiwatazama wao. Katika onyesho la majaribio la filamu yake Keaton, Seven Chances (1925), watazamaji walichekea mawe machache yaliyombiringikia kwa bahati tu akishuka mlima. Akarudi kutengeneza mawe bandia mengi, makubwa kwa madogo, akapiga upya kipande hicho. Wakicheka usipopatarajia, ongeza hapo. Walipokaa kimya, kata, hata kama ndipo ulipotoa jasho zaidi.