Maswali ya Wasomaji: Duka Dogo na Wageni wa Baharini

SWALI: Mhariri, nina duka la bidhaa mchanganyiko hapa Mikindani. Wageni wanaokwenda Msimbati kuogelea na kutazama matumbawe huniulizia miwani ya kuzamia, viatu vya majini na makombe ya baharini ya ukumbusho. Je, niingize mtaji wangu huko, ilhali wageni wenyewe si wengi? – Msomaji, Mikindani.

JIBU: Ndugu msomaji, ingiza, ila kwa kukodisha zaidi kuliko kuuza. Mgeni wa siku mbili hana haja ya kumiliki miwani na mrija wa kupumulia, lakini akivikosa hubaki ufukweni, na mwenye mashua naye hukosa riziki kwa sababu ya kifaa ambacho hakikuwa dukani.

Anza na seti chache za ukubwa tofauti, pamoja na majaketi okozi. Kabla mteja hajaondoka, mwambie aiweke miwani usoni bila kuvaa mkanda, kisha avute hewa kwa pua: ikinata yenyewe inamfaa, na isiponata itaingiza maji hata akaze mkanda namna gani. Ikirudi, isuuze kwa maji yasiyo na chumvi na kuianika kivulini, kwani jua kali huharibu mpira wake. Bandika pia ukutani nyakati za kupwa na kujaa, maana siku za bamvua maji hutoka mbali sana, na asiyelijua hilo hujikuta akikanyaga na kuvunja matumbawe.

Makombe, nakusihi, usiyauze. Msimbati imo ndani ya Hifadhi ya Bahari ya Ghuba ya Mnazi na Maingilio ya Mto Ruvuma, iliyoanzishwa mwaka 2000, na yule konokono mkubwa ambaye gamba lake hupulizwa kama baragumu ndiye anayewala viti vya pweza (viumbe wa baharini wenye umbo la nyota) wenye miiba, ambao nao huyala matumbawe hai. Weka vinyago vya Wamakonde, mikoba ya ukindu na korosho zilizobanguliwa.

Kuhusu mtaji, usiubebe peke yako. REI, ambayo leo ni kampuni kubwa ya maduka ya vifaa vya matembezi nchini Marekani, ilianza mwaka 1938 kama ushirika wa wapanda milima wa Seattle waliotaka vifaa bora kwa bei nafuu. Wewe na wenye mashua mnaweza kuchangia seti hizo na kugawana mapato, mradi muandikiane mapema nani atalipia kifaa kitakachopotea.