Aliyeshindwa, sheria ikabadilika

Mhariri, wiki hii mmetuuliza: ni mwanamichezo gani wa kale aliyeubadili mchezo wake bila kukusudia? Najua wengi watakimbilia soka. Mimi namtaja Edward Stevens, mrushaji wa kriketi aliyezaliwa Surrey, Uingereza, kama mwaka 1735. Watu walimjua zaidi kwa jina la utani: Lumpy.

Kazi yake ilikuwa kutunza bustani ya Earl (bwana mwenye cheo) wa Tankerville, huko Walton-on-Thames. Enzi hizo mpira ulirushwa kwa mkono wa chini, na mabwana wakubwa walichezeana kamari nono. Tankerville aliwahi kuweka dau la pauni 100 kwamba mtu wake, akipewa mirusho minne, ataupiga unyoya uliolazwa chini. Lumpy akaupiga. Tena alikuwa mjanja: timu ngeni ndiyo iliyochagua pa kusimika wiketi, yaani vijiti ambavyo mrushaji huvilenga na mpigaji huvilinda, naye alipenda penye mteremko, mpira ukigusa chini uteleze badala ya kudunda.

Sasa twende Mei 1775, uwanja wa Artillery Ground, London. Watano wa Kent, Lumpy akiwa mchezaji wa kuazimwa, wanapambana na watano wa klabu ya Hambledon. Kwa Hambledon anaingia John Small, mshona viatu wa Petersfield aliyetengeneza pia magongo na mipira. Ni mpigaji wa mwisho, na zinahitajika pointi 14. Wiketi wakati huo ilikuwa vijiti viwili tu, na kingine kimelazwa juu yake. Lumpy anarusha, Small anaukosa, mpira unapenya katikati ya vijiti bila kugusa kitu. Mpigaji alitolewa kijiti cha juu kikidondoka; hakikudondoka, basi Small hatoki. Ikawa hivyo mara tatu! Small, kichwa kimetulia, akazipata zote 14 na Hambledon wakaondoka na ushindi.

Ilionekana wazi kwamba mrushaji kaonewa, na ndipo kijiti cha tatu kikaja kuongezwa katikati. Sidhani kama kuna aliyemhurumia mtunza bustani. Fedha zilizokuwa mezani zilikuwa za mabwana, na bwana aliyeliwa dau kwa sababu ya upenyo husikilizwa upesi. Lumpy mwenyewe aliendelea kucheza hadi mwishoni mwa miaka ya 1780, umri umeshavuka 50, safari hii akilenga vijiti vitatu.