Mahkama imeamuru nisikilizwe: deni la kodi limefutwa?

SWALI: Assalamu alaykum. Nina nyumba ya kupangisha Wete. Nimekadiriwa kodi ya jengo la ghorofa, na huko juu ni nguzo tupu. Nilipeleka pingamizi, nikawa naambiwa "njoo kesho". Mahkama sasa imewaamuru maofisa wanisikilize na waamue kwa maandishi. Nimeshasalimika?
Mama wa Wete, Pemba

JIBU: Waalaykum salaam, mama yangu. Bado. Amri hiyo haikupunguza hata shilingi. Imewalazimisha maofisa wafanye kazi yao: wakusikilize, waamue, waseme sababu. Si jambo dogo hilo, maana kumzungusha mtu mzima kwa "njoo kesho" ni dhulma.

Chukua nakala yenye muhuri wa mahkama, uipeleke mwenyewe, na aliyeipokea atie saini na tarehe. Usiondoke bila saini hiyo! Piga picha za hizo nguzo. Hati ya matumizi ya ardhi nayo ichukue; Zanzibar ardhi ni ya umma, kwa Sheria ya 1992, na hati ndiyo inayoonesha haki yako. Sehemu ya kodi usiyoibishia, ilipe, udai risiti.

Muda waliopewa ukipita kimya, rudi mahkamani. Kudharau amri yake ni kosa.