Mgonjwa wa kiwiko akirudi kliniki, usimwandikie kana kwamba kavunjika jana

Napata meseji nyingi sana toka kwa wadogo zangu wa Moshi na Arusha wanaofanya kazi ya kodi za magonjwa (sio kodi ya serikali, ni code, zile herufi na namba za kuandikia ugonjwa kwenye faili na fomu ya bima), wengine wako ofisi za madai ya bima kwenye hospitali, wengine wanajisomea mtandaoni mfumo wa kodi wa Wamarekani ili wapate kazi za mbali, na swali ni lile lile: mtu kavunjika kiwiko, katibiwa, sasa karudi kliniki, tunaweka kodi gani? Mimi kazi yangu ni madai ya bima hapa Moshi, na ile ya Kimarekani nimeisoma na sasa nawaelekeza wenzangu, kwa hiyo naandika moja kwa moja yale ninayoyaona kwenye mafaili.

Kwanza jua uko kwenye kitabu gani. Hospitali zetu zinatumia ICD-10, kitabu cha kodi za magonjwa cha Shirika la Afya Duniani, Wamarekani wana yao inaitwa ICD-10-CM, wameipanua sana na sheria zake ni tofauti. Mwanzo zinafanana: S42.4 ni mvunjiko wa sehemu ya chini ya hiumerasi (mfupa wa mkono wa juu), S52.0 ni sehemu ya juu ya alna (mfupa wa mkono upande wa kidole kidogo, ncha ya kiwiko iko humo), S52.1 ni sehemu ya juu ya radiasi (ule wa upande wa dole gumba). Mtu anaona namba zinafanana anadhani ni kitu kimoja, hapo ndipo anaanza kuchanganya, anachukua sheria ya Marekani anaileta kwenye fomu ya bima ya Moshi.

Kwa huku kwetu mfano ninaoupata kila msimu wa maparachichi ni wa watoto. Mama anatoka Machame na mtoto wake kadondoka mtini, katanguliza mkono, kavunjika juu kidogo ya kiwiko. Siku hiyo S42.4, sawa kabisa. Anafungwa P.O.P (plasta ngumu), anarudi kuangaliwa, anarudi tena kutolewa P.O.P, na kila akirudi mtu wa rejista anagonga S42.4 kwa sababu ndiyo iliyoandikwa juu ya faili. Sasa jamani, mtoto mmoja, mti mmoja, mvunjiko mmoja, lakini kwenye takwimu za hospitali anaonekana kavunjika mara tatu! Halafu bima nao wanauliza, na wana haki ya kuuliza. Kitabu kimeweka kodi za marudio: kuangalia, kubadilisha au kutoa P.O.P ni Z47.8, kutoa pini, plate au skrubu ni Z47.0, na akija kuangaliwa tu wakati matibabu yameisha ni Z09.4. Zipo zimekaa tu hazitumiki, na hili linaniuma kwa sababu takwimu hizo hizo ndizo zinazotumika kuamua kliniki ya mifupa iongezewe watu na vifaa au isiongezewe.

Upande wa Marekani ni kinyume, na hapa naomba msome taratibu. Kule kwa majeraha hutumii kodi za Z za uangalizi, unabaki na kodi ile ile ya mvunjiko ila herufi ya saba ndiyo inabadilika. Kwa mvunjiko uliofunga (ngozi haijapasuka mpaka kwenye mfupa; ikipasuka ndiyo unaitwa wa wazi), A ni mgonjwa bado yuko kwenye matibabu yenyewe, D ni anaendelea kupona kawaida, G ni mfupa unachelewa kuunga, K haujaunga, P umeunga vibaya, S ni madhara yaliyobaki baadaye. Mkiona noti za zamani zinazungumzia V54.11 au V54.12 ziwekeni pembeni, hizo ni za ICD-9, mfumo wa zamani ambao Wamarekani waliuacha tarehe 1 Oktoba 2015, na bado zinazunguka kwenye magrupu ya WhatsApp kama vile ni mpya.

Kinachowaangusha wengi ni hiyo A. Wanaisoma kama "siku ya kwanza kufika", kumbe swali ni mgonjwa anafanyiwa nini. Chukua mtu kavunjika Rombo, hospitali ya wilaya wamemfunga tu bandeji ngumu wakampa rufaa aende KCMC, hospitali kubwa ya rufaa hapa Moshi, akafanyiwe oparesheni. Huko KCMC ni hospitali ya pili, daktari mwingine, siku nyingine, lakini kwa sheria ya Kimarekani bado ni A maana ndiyo kwanza anatibiwa. Akishapigwa pini, kidonda kinapona, anarudi kupigwa eksirei kuona mfupa unaendaje, hapo sasa ni D. Na kuna yule aliyekaa kwanza kwa mganga wa mifupa kijijini, amefungwa vijiti, miezi imepita ndiyo anafika hospitali. Vijana wengi wanamwekea D au K kwa sababu mfupa ni wa zamani, lakini mwongozo unasema aliyechelewa kutafuta matibabu naye anaanzia na herufi ya matibabu ya mwanzo, hata kama mfupa haujaunga. Kesi hii huku kwetu ni ya kila siku kwa hiyo ukiielewa umeshapiga hatua kubwa.

Herufi G, K na P usijiamulie mwenyewe kwa kuangalia eksirei, tafadhali sana. Hata kama umekaa na picha za mifupa mpaka umezizoea, wewe sio daktari. Daktari akiandika "anaendelea vizuri, aanze mazoezi" hiyo ni D. Akiandika "mfupa bado, arudi baada ya wiki sita" usikimbilie G, nyanyuka umfuate umuulize, Daktari samahani, hapa unamaanisha unachelewa kuunga au ni muda wake wa kawaida tu? Mimi nauliza hivyo hivyo mlangoni kwa kliniki na sijawahi kufukuzwa, madaktari wengi wanafurahi mtu akiuliza kabla faili halijarudishwa na bima.

Kitu kingine, ya Marekani inataka upande na inataka kujua mfupa umehama au haujahama, yaani vipande vimetoka mahali pake au la. Dereva wa boda kavunjika kichwa cha radiasi mkono wa kushoto, haukuhama, anaendelea kupona: S52.125D. Kama daktari hakusema umehama au la, sheria inakupeleka kwenye umehama, na kama hakusema ni wa wazi au umefunga unachukua umefunga. Kwa mkono kuanzia kiwiko kushuka chini, yaani S52, mivunjiko ya wazi ina herufi nyingi zaidi kwa sababu wanaigawa kwa ukubwa wa jeraha, S42, ya bega na mkono wa juu, haina mgawanyo huo, angalieni msizihamishe.

Mfupa ukishaunga lakini kiwiko kimekakamaa, huyo dereva hawezi kunyoosha mkono, tatizo lililomleta leo ni kukakamaa, kwa hiyo linatangulia: M25.622 (kiwiko cha kushoto kimekakamaa), halafu S52.125S. Kwa kitabu chetu ni M25.6 ikifuatiwa na T92.1, ya madhara yaliyobaki ya mvunjiko wa mkono. Na pini zikiingia usaha usifiche ndani ya "anaendelea", maambukizi ya vyuma yana kodi zake, T84.6, vitabu vyote viwili.

Mwisho niseme la watalii maana hapa chini ya Mlima Kilimanjaro wako wengi. Mmarekani kateleza wakati anashuka mlima kwa njia ya Mweka, katibiwa hapa Moshi, anapanda ndege anaenda kumalizia kliniki kwao. Kodi yetu ya S42.4 haimsaidii sana yule wa kule kwa sababu haisemi upande wala haisemi umehama, na hawezi kubuni. Kwa hiyo ukisaidia kuandaa ile barua ya kuondoka, mwombe daktari aandike kwa maneno: mkono wa kulia au kushoto, mfupa gani na sehemu gani, umehama au la, wa wazi au umefunga, tarehe aliyoumia, alichofanyiwa na tarehe yake, na mpaka anaondoka mfupa ulikuwa unaendaje. Mistari minne inatosha, na aliyeko upande wa pili ataweka herufi yake bila kulazimika kumwandikia mtu yeyote Moshi.