Maswali yenu ya magari: Kiwanda kiko Jinja, sasa mbona bado tunanunua za Japani?

Mwezi huu maswali yamekuja mengi, na mengi yanauliza kitu kimoja kwa njia tofauti, kwa hiyo nimechagua machache na mengine yasubiri. Yule aliyeandika kuhusu giaboksi ya Noah inayopiga kelele akiweka rivasi, ndugu yangu, hiyo peleka kwa makanika, mimi kwa barua siwezi kuisikia.

Nakaa Walukuba, Jinja. Kila siku tunaambiwa Uganda inatengeneza magari na kiwanda cha Kiira kiko hapahapa kwetu, lakini mimi barabarani naona Premio, Wish na Hiace tu. Hii ni kweli ama ni siasa? – Kijana wa Walukuba

Ni kweli, na siasa pia imo, hivyo viwili havigombani.

Stori ilianza Makerere. Wanafunzi na walimu wao waliunda kigari cha umeme cha watu wawili, Kiira EV, na mwaka 2011 Rais Museveni mwenyewe akaingia ndani akakiendesha. 2014 ikaja gari nyingine, Smack, 2016 likaja basi la Kayoola lenye sola juu, halafu Kiira Motors ikasimama kama kampuni, serikali ina asilimia 96 ya hisa na Makerere wana 4. Kiwanda kimejengwa kwenye eka 100 za eneo la viwanda hapo Jinja, wajenzi ni NEC ambayo ni kampuni ya jeshi, na mpango wa kuanzia ni magari 5,000 kwa mwaka. Tarehe za kuanza zimesogezwa si mara moja, na ndiyo maana mabasi ya kwanza ya Kayoola yaliundwa Nakasongola kwa Luwero Industries, hapo penye viwanda vya jeshi.

Sasa wewe unatafuta Premio ya Kiira na Premio ya Kiira haipo. Wao wameamua mabasi, na mimi naona hapo ndipo walipotumia akili. Basi kubwa la umeme linabeba watu kama 90, linaenda kilomita kama 300 kwa chaji moja, na mnunuzi wake ni serikali ama kampuni ya usafiri, mtu ambaye anaweza kusaini oda ya mabasi mengi mara moja. Lakini gari ndogo mpya Uganda nani ananunua? Mwalimu? Mwenye duka Kikuubo? Ukienda benki kukopa kwa shilingi riba inakaribia asilimia 20, kwa hiyo mtu anakusanya pesa yake kidogokidogo, anaingia bondi, yaani yadi ya magari yaliyoagizwa nje, na kashi mkononi, anatoka na gari ambayo Mjapani ameshaiendesha miaka kumi na zaidi. Hapo ndipo kiwanda chochote cha gari ndogo kinapofia, mafundi tunao, wateja ndio hatuna.

Na usifikiri ni Uganda peke yake. Angalia Kenya, wao walianza zamani. Kiwanda cha Thika kilianza 1974 kikiitwa Leyland, leo kinaitwa KVM, Mombasa wana AVA, Nairobi kuna Isuzu ambayo zamani ilikuwa General Motors. Viwanda vitatu vya maana, watu wamesomea kazi, bandari iko palepale, na bado Kenya nzima huuza magari mapya kama 11,000 hadi 14,000 tu kwa mwaka, tena hizo wanagawana makampuni mengi na modeli nyingi. Nyingi ni malori, pikapu na mabasi, manake anayenunua ni biashara. Miaka ya 1990 walipofungua mlango kwa gari zilizotumika viwanda vilibaki vinahema. Na gari lao wenyewe pia walijaribu, Nyayo Pioneer, ilionyeshwa 1990 kwa mbwembwe zote, pesa za kuizalisha hazikupatikana ikaishia hapo. Juzijuzi, 2024, kampuni yao ya magari, Mobius, nayo ilitangaza kufungwa mpaka akatokea mtu wa kuinunua.

Rwanda walifanya kitu tofauti kidogo ambacho mimi nilikipenda. Volkswagen walipofungua pale Kigali mwaka 2018 hawakukaa kungoja wateja waje kununua, magari waliyaingiza kwenye biashara ya kubeba watu kwa app na ya kukodisha, kiwanda kikawa kama kinajiuzia chenyewe. Si biashara kubwa, lakini angalau walianza na swali la nani atalipa kabla ya kuuliza nani atafunga bolti.

Halafu kuna kitu wanasiasa hawakisemi kwa jukwaa. Mganda akinunua gari swali la kwanza ni moja, speya yake iko Kisekka, lile soko la speya Kampala? Nenda pale siku yoyote. Utamwambia kijana "nataka watapampu ya 1NZ", hakuulizi hiyo ni injini ya gari gani, anaingia ndani ya kontena anarudi na tatu, moja mpya ya China, moja orijino iliyotumika, moja ya kukudanganya nayo ukionekana mgeni, na nje tayari kuna fundi ameshika spana anataka kuifunga. Huo mtandao umejengwa kwa miaka mingi bila kukata utepe hata mmoja. Gari mpya ya Jinja itakapokuja, hata iwe nzuri namna gani, itashindana na huyo kijana wa kontena, na Toyota ya Japani yenyewe sijui kama ingeshinda.

Mimi ni mfanyabiashara Busia. Upande wa Kenya naona gari inauzwa bei nzuri, ikivuka hapa inapanda vibaya sana. Naweza kununua ya Kenya nikaleta? Na kwanini ushuru wetu uko hivi? – Mwenye duka, Busia

Kuleta unaweza, kukwepa ushuru hapana, na nakuomba usijaribu ile janja ya kuingiza kwa kibali cha muda halafu inabaki hapa mwaka mzima na namba ya Kenya, siku ukikamatwa gari inalala yadi ya URA, mamlaka ya mapato, na faini juu.

Hesabu inaenda hivi. Ushuru wa forodha ni asilimia 25, juu yake VAT asilimia 18, halafu withholding (kodi ya zuio) 6, kuna na ya miundombinu 1.5, na kama gari ya abiria ina umri mkubwa kuna ile levi ya mazingira ambayo inafika asilimia 50 ya thamani yake ikiwa bandarini. Jumlisha mwenyewe uone, gari mzee unalipa serikali karibu sawa na ulichomlipa Mjapani na saa ingine unapita. Na kitu ambacho watu wengi wanakuja kulilia kwangu wakiwa wamechelewa, URA haifuati risiti yako. Wana bei zao za kila modeli na mwaka, ukisema umenunua dola 1,500 wao wanafungua orodha yao wanakuambia hii ni zaidi, na hesabu inaanzia hapo. Kwa hiyo kabla ya kutuma pesa nje uliza kliaringi ejenti wako thamani ya URA kwanza, bei ya kwenye mtandao baadaye.

Tofauti ingine ni umri. Kenya hawaruhusu gari iliyopita miaka 8. Sisi sheria ya 2018 iliweka miaka 15. Ndiyo maana Mombasa utakuta magari yamepakiwa ambayo Mkenya mwenyewe haruhusiwi kusajili, ni ya transit, yanasubiri madereva wa kuyaleta Malaba. Kwa hiyo unapolinganisha bei Busia hakikisha unalinganisha mwaka na mwaka, mara nyingi sio gari ileile.

Kama unauliza mimi, ushuru huu una shida moja: unaumiza mnunuzi bila kumsaidia mwenye kiwanda. Ukifunga mlango wa gari kuukuu na hakuna mkopo wa bei nafuu wa gari mpya, mtu hahamii kwenye mpya, anabaki na ile yake ya namba ya zamani ya UAJ mpaka ichoke kabisa, na moshi unabaki palepale.

Mwalimu hapa, Gulu. Wanafunzi wangu waliniuliza kwanini Sauzi na Moroko wanatengeneza magari mengi na sisi hatuwezi. Niwaambie nini? – Mwalimu wa jiografia

Waambie wafungue ramani. Kiwanda cha Renault cha Tangier kilifunguliwa 2012, kiko jirani na bandari ya Tanger Med, na mlango wa bahari pale penye wembamba zaidi ni kilomita 14 tu ufike Hispania. Gari inatoka kiwandani inapanda meli inaenda kuuzwa Ulaya. 2019 Peugeot nao wakafungua Kenitra. Morocco hawakujenga viwanda ili Mmoroko anunue, walijenga ili Mfaransa na Mhispania wanunue, na serikali ikawasomeshea vijana kazi hiyo mahsusi.

Afrika Kusini wao ni wa zamani zaidi, na tangu 1995 wana mpango maalum, kampuni ikiuza nje inapunguziwa ushuru wa inachoingiza. Leo wanatoa kama magari 600,000 kwa mwaka, Toyota Durban, BMW Rosslyn, Ford Silverton, Volkswagen kule Kariega, na sehemu kubwa inaenda nje. Tena hawaruhusu watu wao kuingiza gari kuukuu za Japani kiholela, hizo tunazozichukua sisi zinapita Durban zikiwa njiani kwenda nchi zingine.

Sisi kutoka Jinja mpaka Mombasa ni zaidi ya kilomita 1,000 za lori. Kuuza nje kwa bei ya kushindana na Tangier ni ndoto, soko letu ni sisi wenyewe, Kongo, Sudan Kusini, na hao wote wananunua tunachonunua sisi. Jumuiya ya Afrika Mashariki ingekuwa soko moja kweli mambo yangebadilika, lakini kila nchi inataka kiwanda chake, na bado wanavutana gari gani ihesabike imetengenezwa hapa na gani ni ya kufungwa bolti tu.

Mwanangu anataka tumnunulie bodaboda ya umeme, anasema petroli inamla. Nina wasiwasi. – Mama, Arua

Mama yangu, shikamoo. Mwanao hakosei hesabu, anaweza kukosea mahali.

Hizi boda za umeme, akina Zembo, Gogo na Spiro, nyingi zinafanya kazi kwa kubadilisha betri. Dereva hachaji nyumbani, anafika stesheni, anatoa betri iliyoisha, anaweka iliyojaa, anaendelea. Ni dakika chache tu. Na pikipiki mara nyingi unanunua bila betri, betri ni ya kampuni, ndiyo maana bei inavumilika. Umeme tunao, bwawa la Karuma peke yake ni megawati 600 na ilizinduliwa rasmi 2024, na hapo mimi naona Uganda ina nafasi kubwa zaidi kuliko kwenye gari, manake boda inanunuliwa mpya, na kwa maelfu.

Lakini bila stesheni hiyo boda ni chuma tu. Kwa hiyo mwambie mwanao akuonyeshe kwa macho, sio kwa simu, stesheni iko wapi Arua na ingine iko wapi akitoka mjini, akienda kule Koboko atabadilishia wapi, na umeme ukikatika stesheni wana nini cha kutumia. Aulize pia betri ikipungua nguvu nani anabeba hasara, hiyo iandikwe kwenye mkataba. Akijibu yote vizuri mnunulie. Akianza kusema "watafungua karibuni", mama, ngoja wafungue.

Ethiopia wamezuia magari ya petroli kuingia. Sisi lini? – Bila jina, Kampala

Ethiopia walitangaza mwanzoni mwa 2024, na sababu kubwa ni dola za kununulia mafuta, wanazo chache, umeme wa mabwawa wanao mwingi. Sisi tuna mafuta yetu Bunyoro na bomba la kilomita 1,443 la kuyapeleka Tanga, usitegemee serikali hiyohiyo itakuambia usichome petroli.

Nimepata Harrier nzuri bondi moja Nakawa, muuzaji anasema ni ya 2012, nina shaka. Najuaje? – Mteja, Kireka

Usiangalie stika ya kioo na usimsikilize muuzaji. Fungua boneti utafute kibati cha chasisi, andika namba yote pamoja na namba ya modeli (model code), halafu iingize kwenye tovuti za kutafutia mwaka wa kutengenezwa. Ile miaka 15 inahesabiwa tangu gari itengenezwe, haihesabiwi tangu isajiliwe Japani, na tofauti ya hizo mbili inaweza kuwa mwaka mzima. Baadaye mwombe karatasi ya mnada wa Japani, ile inayoeleza hali ya gari. Ukiona gredi imeandikwa R ama RA jua iligongwa ikatengenezwa, 3.5 imechoka kidogo, 4 kwenda juu ni nzuri, na kilomita za kwenye karatasi zilingane na za dashibodi. Akikuambia karatasi ilipotea baharini, bondi Nakawa ni nyingi, vuka barabara uende ya pili.