Nyonya na sauti yake nyumbani

Umeuliza kama wanawake matajiri wa Kiperanakan, yaani wazao wa Wachina waliohamia zamani nchi za Kimalei, wale wanaoitwa nyonya huko Melaka na Penang, Malaysia, na Singapore, walikuwa na sauti yoyote nyumbani. Walikuwa nayo, ila ilikuja na umri. Binti akishavunja ungo alitawishwa, akakaa kushona viatu vya shanga, shanga ndogo kuliko punje ya mtama. Aliyekuja kuposa alitega sikio jikoni: mdundo wa mchi ukipondaponda viungo ulitosha kumwambia kama binti kafundwa. Akiolewa, mama mkwe ndiye mwenye amri. Lakini si wote walihamia kwa mume. Zilikuwepo ndoa ambazo bwana harusi ndiye aliyehamia ukweni, na hapo, kwa maoni yangu, mke alikuwa na nguvu kweli, maana yuko kwa mama yake.

Hadhi uliisoma kifuani: kebaya, blauzi yao, haikuwa na vifungo, ilifungwa kwa bizimu tatu, kerongsang, za dhahabu na almasi kwa wenye nacho. Msiba ukiingia, ziliwekwa kando, wakavaa fedha na lulu, kwani lulu ni machozi.